Kitabu Kimoja, Wasomaji Wengi

Wenzangu hapa Manundu husema kitabu kinachobadilika kwa kila msomaji ni ndoto tu. Mimi nakataa. Zamani Kiswahili kiliandikwa kwa herufi za Kiarabu. Nakala moja ya Utendi wa Tambuka ni ya mwaka 1728. Waandishi wengi walitumia herufi moja kwa b, p na mb, wala hawakupambanua i na e. Basi neno lile lile huyu husoma “bibi”, yule “pembe”.

Babu yangu kule Pangani anazo karatasi za namna hiyo. Mjomba amezinakili kwa herufi za Kirumi, sasa ataka kuzichoma. Naona atakosea sana: amekwisha tuchagulia maneno, naye (anisamehe) hajui tenzi. Likizo hii nitamwomba babu anifundishe kuzisoma.