Mlisoma Theolojia, Mbona Mmenyamaza?

Leo sitaki kuongea juu ya manabii wa mafuta na maji ya upako. Hao tumewaongelea mpaka midomo imekauka, na nadhani wengine wao hufurahia, juu kila ukiwataja unawaongezea wafuasi. Leo nataka kuongea na wale wengine: wachungaji, mapadri na wahadhiri waliokaa darasani miaka mitatu minne, wakasoma historia ya mafundisho ya Kanisa, wakafanya mitihani, wakavaa joho, kisha wakarudi kwetu na kunyamaza kuhusu karibu kila kitu walichosoma.

Ukiingia ofisini kwa mchungaji aliyesoma, angalia kabati ya vitabu. Mara nyingi utakuta kile cha J.N.D. Kelly, Early Christian Doctrines, cha mwaka 1958. Ukiwa na bahati utakuta Jaroslav Pelikan, The Christian Tradition, juzuu tano alizoziandika kuanzia 1971 hadi 1989. Ni vitabu vizito, vya watu waliotumia maisha yao kufuatilia swali moja: Wakristo walifikaje kuamini wanachoamini, nani alibishana na nani, na kwa nini upande mmoja ukashinda. Halafu Jumapili ikifika, mwenye kabati anahubiri kama mtu ambaye hajawahi kuvifungua. Na amevifungua. Hilo ndilo linaloniuma.

Kwani ndani kuna nini cha kutusaidia sisi? Hebu nikupe mfano mmoja.

Mwanzoni mwa karne ya 3 kuna mwandishi wa Kikristo anaitwa Hippolytus. Aliandika ufafanuzi wa kitabu cha Danieli, na humo anasimulia visa viwili vya wakati wake. Cha kwanza ni cha Syria. Kiongozi wa kanisa huko aliwashawishi ndugu wengi, pamoja na wake zao na watoto wao, watoke waende jangwani kumlaki Kristo. Wakatoka. Wakazunguka milimani wakipotea, mpaka wakadhaniwa ni majambazi, na gavana alikuwa karibu kuwaua. Kilichowaokoa ni kwamba mke wa gavana alikuwa muumini, akaingilia kati.

Kisa cha pili ni cha Pontus, sehemu ya Uturuki ya leo upande wa Bahari Nyeusi, na hiki ndicho kinaninyima usingizi. Huko pia kulikuwa na kiongozi wa kanisa. Hippolytus hamwiti mwizi. Anasema alikuwa mcha Mungu na mnyenyekevu. Shida yake ni kwamba hakuyashika Maandiko sawasawa, alitegemea ndoto zake. Aliota mara ya kwanza, ya pili, ya tatu, akaanza kutabiri. Akawaambia watu hukumu inakuja ndani ya mwaka mmoja, na kwamba isipotokea alivyosema, basi hata Maandiko wasiyaamini tena. Watu wakaingiwa na hofu, wakalia, wakaacha mashamba yao bila kulimwa, wengi wakauza mali. Mwaka ukaisha. Hakuna kilichotokea. Waliouza kila kitu wakabaki kuombaomba.

Soma hiyo tena polepole, kisha ufikirie Kilifi.

Mwaka 2023 miili zaidi ya 400 ilifukuliwa katika msitu wa Shakahola, mingi ikiwa ya watoto. Mambo ya nani ana hatia ni ya mahakama, sitayagusa. Ninachokumbuka ni vile tulivyoongea baadaye kama nchi. Kila mtu alishangaa kana kwamba jambo kama hilo halijawahi kuonekana chini ya jua. Kisha mjadala ukahamia kwa usajili, leseni na vyeti vya wachungaji. Sipingi, sheria zina kazi yake. Lakini leseni hukamata tapeli. Yule wa Pontus hakuwa tapeli. Alikuwa mtu mzuri aliyeamini ndoto zake, na waumini wake hawakuwa wamefundishwa namna ya kumpinga kiongozi wao kwa heshima na kumwambia, baba, hapa umekosea.

Sasa niambie, wewe uliyesoma: hicho kisa ulikisoma ama hukukisoma? Kama ulikisoma, mbona hukupanda madhabahuni wiki ile ukatuambia kwamba Kanisa lilishawahi kupita hapa, karibu miaka 1,800 iliyopita, na kwamba kuna mtu alikaa chini akaandika onyo? Siongelei kuzuia yaliyopita. Naongelea yale ya kesho, maana wanaotangaza tarehe za mwisho wa dunia hawajaisha.

Na kama unaniambia hayo ni mambo ya Syria na Uturuki, basi njoo Kitui. John Mbiti alizaliwa Mulango mwaka 1931, akasomea udaktari Cambridge, akafundisha Makerere. Wengi tunamjua kwa African Religions and Philosophy ya 1969, ile aliyochukua maneno yetu ya kila siku, “sasa” na “zamani”, akayafanya istilahi za kitaaluma zinazosomwa Ulaya na Marekani. Lakini kitabu chake cha 1971, New Testament Eschatology in an African Background, ndicho kilipaswa kuwa mezani kwa kila mchungaji Kenya. Humo alichunguza vile Wakamba walivyoyapokea mafundisho ya wamishonari wa Africa Inland Mission kuhusu siku za mwisho. Aliona kwamba lugha ya picha katika Agano Jipya, moto, mji wa mbinguni, kula na kunywa, ilipokelewa kama vitu vya kushikika vilivyo karibu sana, na waliofundisha hawakusaidia watu kuona zaidi ya hapo. Yaani Mkenya mwenzetu aliweka kidole penyewe zaidi ya miaka 50 kabla ya Shakahola.

Wengi wamempinga Mbiti kwa dai lake kwamba Mwafrika wa jadi hakuwa na wazo la wakati ujao wa mbali, na kwa hilo hata mimi niko upande wa wapinzani. Anayepanda mwembe anajua kuna kesho ya mbali. Lakini huo ndio ubishi tunaouhitaji, na hatuwezi kuwa nao kama kitabu kimefungiwa maktaba ya chuo.

Haya, twende kwa ile nyingine inayozunguka kwa simu zetu. Mwaka 2025 ulitimiza miaka 1,700 tangu Mtaguso wa Nicaea wa 325, na klipu zilimwagika: Utatu ulibuniwa na Constantine, vitabu vya Biblia vilipigiwa kura Nicaea, vingine vikafichwa. Vijana wanazituma kwa vikundi vya familia na mama anabaki hajui aseme nini. Mchungaji naye anajibu kwamba hayo ni ya shetani. Jibu hilo halisaidii mtu.

Wanahistoria wanasema nini? Kwanza, Nicaea haikuamua orodha ya vitabu vya Biblia. Ilitoa ungamo la imani, ikaamua suala la tarehe ya Pasaka, ikaacha kanuni 20 za nidhamu. Orodha ya kwanza tunayoijua yenye vitabu vile vile 27 vya Agano Jipya tulivyo navyo leo iko katika barua ya Pasaka ya Athanasius, askofu wa Alexandria, ya mwaka 367. Pili, neno “Utatu” kwa Kilatini, trinitas, tunalikuta kwa Tertullian wa Carthage, huko Tunisia ya leo, zaidi ya miaka 100 kabla ya Nicaea. Constantine alikuwa hata hajazaliwa. Tatu, kama mfalme alitaka kulazimisha fundisho hilo, kazi ilimshinda vibaya. Alipokaribia kufa mwaka 337 alibatizwa na Eusebius wa Nicomedia, mtu aliyekuwa rafiki wa upande wa Arius. Mwanawe Constantius aliwasumbua watetezi wa Nicaea, na Athanasius alipelekwa uhamishoni mara tano chini ya wafalme tofauti. Ubishi uliendelea mpaka Mtaguso wa Constantinople wa 381, na hata hapo wengine hawakukubali.

Sisemi ukisoma haya utaamini Utatu. Kuna makanisa hapa kwetu yanayobatiza kwa jina la Yesu pekee na kuukana Utatu, na watu wake si wajinga. Ubishi wao unafanana sana na ule ambao Tertullian aliujibu katika kitabu chake dhidi ya Praxeas. Wanataaluma wenyewe hawakubaliani. Adolf von Harnack, Mjerumani wa karne ya 19, aliona mafundisho haya yakiwa kazi ya akili ya Kigiriki juu ya udongo wa Injili. Rowan Williams aliandika kitabu kizima juu ya Arius mwaka 1987 akionyesha kwamba Arius hakuwa yule jini tunayechorewa, alikuwa kasisi aliyejali mapokeo kwa njia yake. Kubishana na watu kama hao kunakukuza. Kubishana na klipu ya sekunde 40 hakukupeleki popote.

Na kuna zawadi iko ndani ya Kiswahili ambayo sijawahi kusikia mtu akiitumia kanisani. Tunafundishwa Mungu mmoja, nafsi tatu. Kijana akisikia “nafsi” anafikiria roho tatu, watu watatu, na hapo anakwama. Lakini shuleni tulisoma nafsi ya kwanza, nafsi ya pili, nafsi ya tatu: anayesema, anayeambiwa, anayesemwa. Sasa Tertullian anapomjibu Praxeas, moja ya hoja zake ni hiyo hiyo. Anaangalia Maandiko ambapo kuna anayesema, anayeambiwa na anayezungumziwa, kisha anauliza, hawa wote watakuwaje mmoja tu anayejisemesha? Neno lake la Kilatini ni persona, na hata wanasarufi wa Kilatini walilitumia kwa nafsi za kitenzi. Mwanafunzi wa darasa la sita Kenya ana kifaa cha kuelewa hoja ya Carthage ya karne ya 3 kuliko vile anavyodhani. Ni nani atamwambia?

Nilimuuliza mchungaji mmoja ninayemfahamu mbona hafundishi haya. Akaniambia, kijana wangu, huko kwa historia kuna maaskofu wakipigana, kuna siasa, ukiwapa washirika hayo utawachanganya. Namheshimu mzee wangu, lakini washirika washachanganywa. Wanasikia vita vya maaskofu kutoka kwa watu wanaowachukia, na wanagundua kwamba nyinyi mlijua na hamkusema. Hapo ndipo vijana wanatoka. Nimeona wasee wangu watatu wakiacha kanisa, na hakuna hata mmoja aliyetoka kwa sababu ya Nicaea yenyewe. Walitoka kwa kuhisi walifichwa kitu.

Tena hizi hoja hazikuwahi kuwa za wasomi peke yao. Arius anasemekana kutunga nyimbo ambazo mabaharia na wasaga nafaka waliimba. Gregory wa Nyssa alilalamika kwamba Constantinople ukienda kununua mkate au kubadilisha pesa unapewa mhadhara kuhusu Baba na Mwana. Yeye aliona ni kero. Mimi ningelipa nauli kupanda matatu ya namna hiyo.

Najua kuna shida ya bei. Vitabu vya taaluma vingine vinauzwa zaidi ya dola 100, kabla hujalipa usafirishaji, na vyote ni vya Kiingereza kigumu. Lakini maandishi ya wale wa kale wenyewe, Tertullian, Athanasius na wengine, yana tafsiri za Kiingereza za karne ya 19 ambazo hakimiliki yake ilishaisha, ziko bure mtandaoni. Kinachokosekana ni mtu wa kutushika mkono kwa Kiswahili. Katekisimu na vitabu vya maombi vya Kiswahili vimejaa. Ninachotafuta mimi ni kurasa 150 za Kiswahili cha kawaida zenye Hippolytus, Tertullian, Athanasius na Mbiti ndani, kwa bei ambayo kijana wa kwaya atamudu. Wahadhiri, mna noti. Mmezifundisha miaka 20 mkizisoma kutoka karatasi zile zile za manjano. Zitafsirini.

Na wewe mchungaji mwenye kabati, sikuombi uhubiri homoousios Jumapili ya Krismasi. Tenga jioni moja kwa mwezi, vijana wakae na maswali yao, ukifungue hicho kitabu mbele yao, na usipojua jibu mtafute pamoja. Anza na Danieli ya Hippolytus, hicho kisa hakichukui hata dakika kumi kusoma.

Kama wewe ni mhadhiri na noti zako ziko tayari kwa Kiswahili, nitumie kwa inboksi. Nitazisoma kwenye video, kipande kwa kipande, na jina lako nitaliweka juu kabisa.