Hesabu za Watu Wanaoongezeka

Wanafunzi wengi husema kuwa hesabu za maneno juu ya kuongezeka kwa watu ni ngumu kwa sababu ya kanuni yake. Mimi nasema sivyo. Kanuni ni fupi, nayo yakaririka upesi. Ubaya ni kwamba maswali huja na “mji fulani” usio na jina, basi jibu lo lote laweza kuonekana kweli, na mwanafunzi hana pa kulipimia.

Tuchukue nchi yetu ya Uganda. Mwaka 1969 walihesabiwa watu milioni 9.5. Tuseme kila mwaka huzidi 3 katika mia. Je, mwaka 2024 watakuwa wangapi? Miaka ni 55. Mwenye haraka husema: 3 mara 55 ni 165, basi wamezidi 165 kwa mia, jumla milioni 25.2. Kazi yake ni safi, hata mstari chini ya jibu kaupiga kwa rula. Lakini mwaka 2002 tulikwisha kuwa milioni 24.2, na mwaka 2014 milioni 34.6! Amesahau kwamba wale 3 waliozidi nao ni watu. Mwakani watahesabiwa pamoja na wale mia, na baadaye watazaa. Kwa hiyo jumla mpya ya kila mwaka huzidishwa kwa 1.03, mara 55. Jibu ni milioni 48.3. Hesabu ya kweli ya mwaka 2024 ilikuta milioni 45.9, tofauti ipo, maana ongezeko halikuwa 3 kamili miaka yote.

Hata asiye na mashine ya kuhesabia aweza kujikagua. Gawanya 70 kwa 3, utapata miaka kama 23, ndio muda wa watu kuwa maradufu. Milioni 9.5 huwa 19, kisha 38, na bado miaka 9 imebaki. Aliyefanya hivyo hawezi kuandika 25 akaenda kucheza mpira.

Tena si alama za mtihani tu. Serikali ikijenga madarasa kwa hesabu ya yule mwenye haraka, watu karibu milioni 21 hawamo. Nawaomba walimu wetu waache “mji fulani,” watutungie maswali ya wilaya tunazotoka. Takwimu zake zimechapishwa, na kila mmoja wetu atataka kujua kwao wako wangapi.