Ndugu Wasomaji, Tujaribu Vitabu vya Aina Nyingine

Kitabu cha mwisho ulichosoma kwa hiari yako, bila mwalimu wala mtihani, kilikuwa cha aina gani?

Najua mnasoma. Namwona kijana kwenye daladala ameinamia simu, anafuatilia hadithi ya mapenzi inayotoka sehemu kwa sehemu. Namwona mzee na kitabu chake cha dini, na mwanafunzi aliyebeba vitabu vya fasihi pamoja na mwongozo wa maswali. Wote hao ni wasomaji na nawapongeza. Ninachowaomba leo ni hatua moja zaidi: kila mmoja wetu achague kitabu cha aina ambayo hajaizoea, akipe nafasi.

Kwa nini naomba hivyo? Kwa sababu wengi wetu tulikutana na fasihi ya Kiswahili darasani tu. Tulisoma vitabu vichache vilivyoteuliwa, tukajibu maswali ya dhamira na wahusika, tukafanya mtihani, tukaachana navyo. Mwombe mtu mzima akutajie riwaya ya Kiswahili, naye atakutajia ile ya kidato cha tatu. Hana kosa. Nani aliwahi kumwambia kwamba kuna vingine vingi vya kuchekesha, vya kutisha, vya kuumiza moyo na vya kukeshea?

Chukueni hadithi za upelelezi. Mwaka 1960 Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar alitoa Mzimu wa Watu wa Kale. Mwenye shamba anakutwa amekufa penye mzimu, watu wananong'ona mambo ya mashetani, lakini Bwana Msa, mvuta kiko mwenye subira, anataka ushahidi. Anauliza, anasikiliza, anapanga, mpaka fumbo linafumbuka. Baada ya hapo vilifuata Kisima cha Giningi na vingine. Huku Bara, Faraji Katalambulla alitoa Simu ya Kifo mwaka 1965, kisha akaja Elvis Musiba na Willy Gamba wake, na Ben Mtobwa na Joram Kiango wake. Baba zetu walikuwa wakipokezana vitabu hivi mpaka majalada yanang'oka.

Wapo wanaosema hadithi za namna hii ni za kupotezea muda. Sikubaliani nao hata kidogo. Kitabu kinachomfanya mtu apitilize kituo chake cha kushukia kimemfundisha jambo kubwa: kwamba kusoma ni raha. Aliyeonja raha hiyo hahitaji kusukumwa tena. Atakitafuta kitabu kingine mwenyewe.

Na je, wewe uliyebobea kwenye upelelezi, umewahi kumjaribu Euphrase Kezilahabi? Rosa Mistika, iliyotoka mwaka 1971, ilipigwa marufuku mashuleni kwa muda, na baadaye ikarudi darasani. Ndani yake yumo baba mkali anayemchunga binti yake kwa kipigo, na binti anayefika mbali na nyumbani bila kujua namna ya kujichunga. Mzazi mwenzangu mwenye binti wa sekondari, riwaya hiyo iliandikwa kwa ajili yetu kuliko kwa ajili yao. Tuisome kwanza sisi.

Kezilahabi huyohuyo alitoa diwani ya Kichomi mwaka 1974, ya mashairi yasiyofuata vina na mizani, wakabishana nayo wataalamu kwa miaka mingi. Baadaye akaandika Nagona na Mzingile, riwaya ambazo msomaji anatembea ndani yake kama anayeota. Mwandishi mmoja anaweza kukutoa kwenye aina moja ya maandishi akakuingiza kwenye nyingine, na hii ni njia nyepesi ya kuanzia. Umempenda mtu katika riwaya? Tafuta na mashairi yake.

Kezilahabi alizaliwa Ukerewe, kisiwa cha Ziwa Victoria. Kisiwani humo ndimo alimoishi Aniceti Kitereza, na hapa naomba mnivumilie kidogo, maana habari zake natamani zifike kila nyumba.

Mwaka 1945 Kitereza alimaliza kuandika kwa Kikerewe hadithi ndefu ya mume na mke, Myombekere na Bugonoka. Hakupata wa kuichapisha. Miaka ikapita, akakaa chini akaitafsiri mwenyewe yote kwa Kiswahili. Tanzania Publishing House iliitoa mwaka 1980, katika vitabu viwili. Mwaka uliofuata alifariki. Miaka thelathini na mitano mtu anatunza mswada wake, hakati tamaa!

Na ndani mna nini? Hamna vita vya wafalme. Mna ndoa isiyo na mtoto, maneno ya kuumiza kutoka kwa ndugu wa mume, wazazi wanaomrudisha binti yao nyumbani, na mume anayekwenda kuomba radhi ukweni. Anatozwa pombe ya ndizi. Basi unaonyeshwa ndizi zinavyovundikwa, zinavyokamuliwa, nani anaitwa kusaidia, nani anaamkiwa kwanza mgeni akiingia. Unajifunza kilimo, dawa, mazishi na adabu za ukwe bila kuhubiriwa. Mkulima akiisoma atakuta kazi yake imeheshimiwa. Mwenye ndoa changa atakuta wenzake wa zamani nao walitafuta namna ya kupatana.

Je, ni sawa kitabu cha namna hiyo kibaki kwa wanafunzi wa chuo kikuu peke yao?

Sasa niseme la nyumbani. Tamthiliya wengi tunaiogopa kwa sababu tumezoea kuisoma kimya, mtu mmoja, kwa ajili ya mtihani. Tamthiliya inataka sauti. Chukueni Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, ya mwaka 1969, inayohusu vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907. Jumapili jioni baada ya chakula, mgawane wahusika. Baba awe Kinjeketile, shangazi awe mkewe, watoto wagombee uaskari na uanakijiji. Asiyejua kusoma vizuri apewe sentensi fupi. Bibi ambaye macho yamefifia akae katikati asikilize. Huenda akawasahihisha, maana yeye ana habari za wazee ambazo hamjazisikia. Onyesho moja kwa jioni linatosha. Mkilipenda, wiki nyingine jaribuni Hatia ya Penina Muhando.

Ushairi nao ni hivyohivyo: usomwe kwa sauti, hata uimbwe. Wazee wetu wa Pwani waliuimba. Utendi wa Mwana Kupona ulitungwa mwaka 1858, mama mgonjwa akimwachia bintiye wosia. Utakubaliana na baadhi ya aliyoyasema na mengine utayakataa, na hayo ndiyo mazungumzo mazuri kati ya mama na binti wa leo. Anayependa siasa amtafute Abdilatif Abdalla, aliyefungwa Kenya kuanzia 1969 hadi 1972 kwa sababu ya waraka aliouandika. Gerezani alitunga mashairi na kuyaandika kwa siri kwenye karatasi za chooni. Yalitoka mwaka 1973 kwa jina la Sauti ya Dhiki. Kijana unayesikiliza mashairi ya kufokafoka kutwa nzima, huyu ni mtu wako.

Na tusiyaache maisha ya watu. Shaaban Robert tunamjua kwa Kusadikika, lakini aliandika pia wasifu wa Siti binti Saad, mwanamke wa kijijini aliyekuja kuwa mwimbaji mkubwa wa taarabu. Wangapi wetu tunazijua nyimbo zake lakini maisha yake hatujayasoma?

Kuna na tafsiri. Mwalimu Nyerere, pamoja na shughuli zote za nchi, alipata muda wa kumtafsiri Shakespeare. Mabepari wa Venisi ni kazi yake. Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Zanzibar, alipopata Tuzo ya Nobeli ya Fasihi mwaka 2021, wengi tulifurahi lakini hatukuwa tumemsoma, kwa kuwa anaandika kwa Kiingereza. Mwaka uliofuata Mkuki na Nyota walitoa Peponi, tafsiri ya Ida Hadjivayanis. Ni habari ya Yusuf, mtoto anayechukuliwa na mfanyabiashara kwa sababu ya deni la baba yake, kisha anasafiri na msafara kwenda bara. Sasa kisingizio cha lugha hatuna tena.

Najua swali lililo mioyoni mwenu. Vitabu ni ghali, na maduka ya vitabu ni machache. Ni kweli, na ada za shule haziwezi kungoja. Lakini tuna milango kadhaa.

Wa kwanza ni maktaba. Maktaba Kuu ya Taifa pale Barabara ya Bibi Titi Mohamed, Dar es Salaam, ilifunguliwa na Mwalimu Nyerere Desemba 1967 kwa ajili ya watu wote, na mikoani nako ziko maktaba. Ukiingia, usiende moja kwa moja kwenye rafu uliyoizoea. Mwambie mkutubi, "Nimezoea kusoma kitu fulani, nipe cha aina nyingine." Mkutubi akisikia hivyo hufurahi. Wa pili ni ndugu zetu wanaopanga vitabu chakavu kando ya barabara. Wengi wao wanasoma wanachouza, nao watakushauri kwa moyo mweupe, na bei mtaelewana. Na tuzo zinapotangazwa, kama Tuzo ya Mwalimu Nyerere ya uandishi bunifu au ile ya Safal-Cornell, andika majina ya washindi mahali. Waandishi wapya wanatokea kila mwaka, na wanangoja tu mtu awafungue.

Kazini je? Kinyozi, wateja wako wanangoja zamu huku wametazama ukuta. Weka vitabu vitano pembeni ya kioo: kimoja cha upelelezi, kimoja cha mashairi, kimoja cha maisha ya mtu, viwili vya watoto. Fundi cherehani, muuguzi wa zahanati, katibu wa ofisi, nanyi vilevile. Wekeni daftari la kuazimia lenye jina, kitabu na tarehe. Vingine vitapotea, msinune. Kitabu kilichopotea mara nyingi kinasomwa mahali.

Mwalimu, umelemewa na muhtasari na idadi ya wanafunzi, hilo sote tunalijua. Naomba dakika kumi tu za Ijumaa: usome kwa sauti kurasa mbili za kitabu kisicho kwenye mtihani, kisha ufunge pale panapokolea. Usiulize swali lolote. Wengine watakufuata mlangoni kutaka kujua kilichoendelea.

Wazazi, mtoto akichagua kitabu cha vichekesho au cha mazimwi, tumwachie. Mwaka huu mazimwi, mwakani historia. Akikuuliza maana ya neno usilolijua, mfungue kamusi pamoja.

Na mwenye sanduku la vitabu vya zamani chini ya kitanda, vya marehemu baba au vya enzi za ualimu, nina ombi mahsusi kwako. Kabla hujawapa wafunga maandazi, vitoe nje, pangusa vumbi, angalia mchwa, kisha soma majina yaliyo mgongoni. Vingine havijachapishwa upya kwa miaka mingi, na hicho ulicho nacho huenda ndicho peke yake mtaani kwenu. Ukikuta Kitereza, au Bwana Msa, au diwani iliyokatika jalada, kishone, andika jina lako ndani, kisha mwazime jirani ambaye hajawahi kusoma cha namna hiyo, na mwambie akirudishe kabla ya mwisho wa mwezi kwa sababu kuna mwingine anakingoja.