Maji Yakimwagika, Jaji Hayazoi



Katika Jumuiya zetu Ndogondogo hapa Chuno, kila mazungumzo yanapogusa mikataba ya gesi, hakosi mmoja wa kusema: "Padre, serikali ikikosea, si mahakama ipo?" Nia yake ni njema. Lakini tumaini hilo, lisipopimwa, laweza kutulaza usingizi huku mali yetu ikiondoka. Hebu tuikumbuke kesi ya Dowans.

Mwaka 2006 ukame ulikausha mabwawa, nchi ikaingia katika mgawo wa umeme. Mwezi Juni TANESCO ikafunga mkataba wa megawati 100 na kampuni ya Richmond, na baadaye mkataba ukahamishiwa Dowans. Februari 2008 Kamati Teule ya Bunge, chini ya Dk. Harrison Mwakyembe, ilieleza kwamba Richmond haikuwa na uwezo wa kazi ile. Waziri Mkuu Edward Lowassa akajiuzulu, na mwaka huo huo TANESCO ikauvunja mkataba. Wengi tulishangilia.

Kumbe hesabu ilikuwa bado. Dowans ilikwenda kwenye usuluhishi wa Baraza la Kimataifa la Biashara, ICC, na Novemba 2010 wasuluhishi wakaamua TANESCO ilipe fidia ya shilingi bilioni 94 hivi. TANESCO ikakimbilia Mahakama Kuu. Septemba 2011 Jaji Emilian Mushi akakataa kuitengua tuzo ile.

Wako waliomlaumu jaji. Mimi simlaumu. Katika shauri la namna hiyo jaji hasikilizi kesi upya. Huangalia tu kama wasuluhishi walivuka mipaka yao au walipotoka waziwazi. Haulizi kama mkataba ulikuwa wa busara, wala kama mama muuza samaki ataimudu bei ya umeme. Swali hilo lilipaswa kuulizwa kabla kalamu haijagusa karatasi. Na wenye haki ya kuliuliza, yaani wananchi, karatasi yenyewe hawakuonyeshwa.

Hapo ndipo penye dhambi. Twaambiwa kwamba siri hulinda biashara. Biashara ya nani? Nabothi naye alihukumiwa kwa barua zenye muhuri wa mfalme, mbele ya wazee na mashahidi. Utaratibu ulikuwepo, haki haikuwepo.

Nasi wa Mtwara twalijua jambo hili kwa machungu. Mwaka 2013 watu walihoji gesi ya Mnazi Bay yaenda Dar es Salaam kwa faida ya nani. Ghasia zikazuka, mali zikachomwa, watu wakafa. Ghasia siziungi mkono hata kidogo. Lakini anayemnyima mwananchi mahali pa kuuliza asishangae swali likiulizwa barabarani.

Wala Kanisa lisijitoe katika lawama. Mwaka 2014, katika sakata la fedha za akaunti ya Escrow zilizotokana na mkataba mwingine wa umeme, ule wa IPTL, viongozi wa dini, wa Kanisa letu wakiwemo, walitajwa bungeni kuwa walipokea mgawo. Anayehubiri uwazi na aanze na sadaka anazopokea.

Tufanye nini basi? Sheria ya uwazi ya mwaka 2015 inamtaka Waziri aitangaze mikataba ya madini, mafuta na gesi. Sheria ya mwaka 2017 inalipa Bunge mamlaka ya kupitia masharti mabaya katika mikataba ya maliasili. Silaha hizo tunazo, zisiote kutu. Kila Jumuiya imwulize mbunge wake kwa maandishi: "Mheshimiwa, mkataba huu umeusoma? Unatufunga miaka mingapi? Ukivunjwa, nani atalipa?" Kama hajausoma, asiupigie makofi kwa niaba yetu.

Jaji huitwa maji yakiwa yamekwisha kumwagika. Kuushika mtungi ni kazi yetu sisi.