Tunafungua kitabu tukitafuta nini?



Huenda wewe, au vijana wako nyumbani, mmewahi kutazama filamu ya The Lord of the Rings. Kuna mahali ambapo mzee Gandalf anaketi katika chumba cha kumbukumbu cha mji wa Minas Tirith, mshumaa ukiwaka, amezungukwa na marundo ya nyaraka zenye vumbi. Mji huo haupo duniani. Aliubuni J.R.R. Tolkien, Mkatoliki aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, akawa profesa huko Oxford. Hadithi yenyewe ilichapishwa kitabuni mwaka 1954 na 1955.

Gandalf anatafuta jambo moja. Kuna pete ambayo rafiki yake anaimiliki, na ana wasiwasi kwamba ni ile pete ya adui iliyopotea zamani. Katika hazina ile ya nyaraka, nyingi zikiwa za lugha ambazo hata kati ya wasomi wa mji ni wachache wanaozielewa, anapata andiko la mfalme Isildur. Mfalme huyo alieleza kwamba pete ilimuunguza mkono, lakini bado aliipenda. Akanakili pia maandishi yaliyoonekana juu yake ilipokuwa ya moto. Kwa andiko hilo Gandalf anajua namna ya kuitambua pete, na safari ya kwenda kuiangamiza inaanzia hapo.

Lakini kitabuni kuna jambo ambalo ni rahisi kulipita. Gandalf anahisi kwamba tangu wafalme waondoke, andiko lile limesomwa na watu wawili tu: yeye na Saruman, mkuu wake. Wote wawili walikuwa na elimu, na karatasi ilikuwa ileile. Mmoja alisoma akatetemeka, akatafuta namna ya kuwaokoa wengine. Mwenzake akaitamani pete iwe yake.

Tolkien alisema wazi kwamba hakuandika hadithi yake iwe fumbo la kitu kingine, nami sitamlazimisha. Ila kila nikifika hapo nakumbuka nyumba moja ya kifalme katika Biblia.

Mfalme Yosia alikuwa na umri wa miaka 26 hekalu lilipokuwa likikarabatiwa. Alimtuma Shafani mwandishi kwa kuhani mkuu Hilkia kuhusu fedha za mafundi. Katika shughuli hiyo ya hesabu, Hilkia akasema amekiona kitabu cha torati ndani ya nyumba ya Bwana (2 Wafalme 22). Hebu fikiri: kitabu cha Mungu kilikuwa kimepotea ndani ya nyumba ya Mungu, na ibada zilikuwa zikiendelea! Shafani alipokisoma, Yosia alirarua mavazi yake. Hakuuliza ni nani mwingine aliyekosa. Alituma watu kwa nabii Hulda wamuulizie Bwana kwa ajili yake na kwa ajili ya watu wake.

Haikupita miaka 20, mwanawe Yehoyakimu akaketi katika kiti hicho. Ilikuwa msimu wa baridi, na moto ulikuwa ukiwaka mbele yake. Akasomewa gombo ambalo Baruku aliliandika kwa kinywa cha Yeremia. Kila zilipokwisha kusomwa safu tatu au nne, alizikata kwa kisu akazitupa motoni, hadi gombo likaisha (Yeremia 36). Mwandishi wa habari hizo anasema kwamba hakuna aliyeogopa wala kurarua mavazi. Baba alikuwa amerarua nguo zake. Mwana akalikata neno.

Hapo ndipo tunapojikuta sisi. Tumezoea kuhimizana kusoma Biblia, na ni vema. Lakini kusoma peke yake hakutoshi. Yupo anayeifungua akitafuta mstari wa kumnyamazisha mkewe. Yupo mchungaji anayetafuta aya ya kuongezea sadaka. Katiba ya kanisa hukaa kabatini miaka mingi, ikitolewa siku tunapotaka kumng'oa mtu. Wosia wa marehemu husomwa na ndugu waliokwisha kugawana shamba mioyoni mwao, na ukitaja haki ya mjane, karatasi hiyo inaanza kutiliwa shaka. Hata taarifa za wakaguzi wa hesabu, ziwe za kikundi cha akina mama au za Serikali, tunazisoma kwa hamu tukitafuta jina la hasimu wetu. Likitokea la kwetu, tunasema mkaguzi ametumwa.

Hiyo ndiyo njia ya Yehoyakimu, hata kama hatujashika kisu. Tunakata safu inayotugusa, tunabakiza inayomgusa jirani.

Naona tuanze na jambo dogo. Wiki hii, kabla ya kufungua Biblia, daftari la kikundi au faili la familia, tukae kimya kidogo tujiulize: nikikuta hapa kosa langu, nitafanya nini? Asiye na jibu bado hajawa tayari kusoma. Na anayejibu kwamba atatubu na kurudisha alichochukua, huyo amekwisha kuanza kusoma hata kabla ya ukurasa wa kwanza.

Yehoyakimu hakufaulu. Bwana alimwamuru Yeremia achukue gombo jingine. Baruku akaandika upya maneno yote yaliyoteketea, na mengine mengi yakaongezwa. Neno tunalolikwepa leo litasomwa tena mbele yetu, nasi bado tuna nafasi ya kulisikiliza kama Yosia.

Jumapili njema.