Ujira wa Kutazama

Wenzetu, katika jimbo la Kerala, Bara Hindi, kuna neno nokkukooli, maana yake ujira wa kutazama. Mwenye nyumba hushusha matofali yake kwa mikono ya watu wake au kwa mtambo, nao wachukuzi wa chama, wasiogusa hata tofali moja, humdai malipo. Asipotoa, gari halishushwi. Serikali iliupiga marufuku ujira huo tarehe 1 Mei 2018, lakini mashtaka hayakukoma, na Korti Kuu imewaamuru polisi mara nyingi wawalinde wenye mali.

Sisi tulio watu wa chama hatuwezi kuwatetea wachukuzi katika jambo hili. Twaona haya kwa niaba yao. Hata hivyo tusiwahukumu upesi: sheria ya mwaka 1978 ilikusudia kumhifadhi mchukuzi na kazi yake, na mtambo hauna watoto wa kulisha. Basi askari na alinde gari na mlango. Akianza kumwambia mchukuzi aliyeandikishwa apokee ujira gani kwa mzigo alioubeba kweli, amekwisha kuwa mnyapara wa tajiri, na korti haikumtuma huko.