Binti anataka kuwa fundi umeme

Mama mmoja wa Jang'ombe amenipigia simu wiki hii. Binti yake kamaliza kidato cha nne na hataki kusikia ushoni wala mapishi, anataka umeme. Baba mtu kakataa: ngazi, dari, kushinda na wanaume, na juu ya yote, kifo. Mimi ninayeandika habari za afya nasemaje?

Ni kazi ya hatari, sitamficha. Soketi zetu zina volti 230. Mkondo wa miliampia 30 ukipita kifuani unaweza kuvuruga mapigo ya moyo, na balbu ya zamani ya wati 60 inakula zaidi ya mara nane ya kiasi hicho. Lakini mimi humuogopea zaidi kijana aliyejifunza kwa kumbebea fundi ngazi mtaani, akaonyeshwa waya upi uunganishwe na upi, asiambiwe kwa nini.

Na kazi ipo. Tazama Mji Mkongwe: kuta za mawe ya matumbawe na chokaa zinanyonya unyevu, chumvi ya bahari inakula viungo vya nyaya, na nyumba ya ghorofa iliyojengwa kwa familia moja sasa ina familia nne, kila moja imevuta waya wake. Huko ndiko iliko Beit al-Ajaib ya mwaka 1883, inayotajwa kuwa jengo la kwanza hapa kuwashwa umeme!

Kwa hivyo suali langu kwa baba ni hili: atajifunzia wapi? Mamlaka ya Mafunzo ya Amali ina vituo, na Mwanakwerekwe na Mkokotoni umeme unafundishwa. Upo pia uanagenzi, ambapo kijana hugawa muda wake baina ya darasa na sehemu ya kazi, chini ya fundi anayejulikana. Hiyo ndiyo ningemchagulia binti huyu.

Marekani njia hiyo inapitia chama cha wafanyakazi. IBEW kilianzishwa St. Louis mwaka 1891, wakati mafundi wa nguzo walipokuwa wakifa ovyo kazini. Leo, kwa ubia na waajiri, mwanagenzi wake hujifunza kwa takriban miaka mitano huku akilipwa, na ujira unapanda kadiri anavyosonga mbele. Kwetu vyama vipo, na ZATUC ndiyo mwavuli wao, ila kazi yao kubwa ni kutetea mikataba na maslahi. Basi mzazi ndiye wa kuuliza kabla mtoto hajapanda ngazi: mkataba uko wapi, nauli nani anatoa, glavu na viatu vya mpira vipo, akiumia nani anamtibu? Anayekasirika kwa maswali hayo, usimwachie mwanao.

Ama kuhusu wanawake, baba aende Kinyasini. Pale Barefoot College inawafundisha akina mama wa vijijini, wengine hawakusoma sana skuli, kufunga na kutengeneza umeme wa jua, nao wanarudi kuziwashia taa nyumba za kwao. Kabla ya hapo wenzao walipelekwa hadi India kujifunza. Hao ni mama za watu, wengine bibi, na mapaa wanapanda.

Na kwa kuwa wengi mnaosoma mnakaa kwenye nyumba hizo za nyaya za kuungaunga: mtu akinaswa na umeme, usimshike. Zima swichi kuu kwanza. Ikishindikana, simama pakavu umsukume kwa ubao mkavu au fimbo kavu, kamwe si chuma. Kama hapumui, mwite mtu wa kukusaidia na uanze kumkandamiza kifua. Hata akiinuka akacheka na kusema hana kitu, mpeleke hospitali, maana umeme unaweza kuunguza ndani huku ngozi inaonyesha kidonda kidogo tu, na moyo unahitaji kupimwa siku hiyohiyo.